Bi Mkubwa Hapendi Sabuni

2 Machi

Nimefika. Pananuka.

3 Machi

Jana sikuwa na nguvu ya kuandika zaidi ya hayo. Leo nguvu ninayo, hamu ya kula ndiyo sina.

Mdogo wangu ndiye aliyeniomba nije. Ana mimba ya miezi mitano. Hii ni ya tatu, na mbili za mwanzo zilitoka. "Dada, njoo ukae karibu na mimi, mengine tutayaona," aliniambia kwenye simu. Mumewe ni meneja wa kituo hiki, akanitafutia kazi ili nisikae bure. Ningejua ni kazi gani, ningekaa bure kwa furaha.

Kituo ni jengo la zege lililojengwa juu ya ufa wa ardhi. Mvua zikianza, maji ya chini yanapanda, na yakipanda yanasukuma juu kitu wanachokiita wakati mbichi. Si ule wa saa ya ukutani. Huu haujatulia. Unatetemeka, unatafuta pa kuingia, na ukigusa kitu unakizeesha kwa mkupuo mmoja. Maziwa yanaganda, misumari inashika kutu, mbwa anasinzia kijana na kuamka kikongwe. Ndiyo maana wanauvuta kwa mabomba mpaka kwenye tangi kubwa lililozama nusu chini ya sakafu, na ukuta wote wa tangi kwa ndani umepakwa ute.

Ute huo ni kitu hai. Rangi yake ni ya kamasi la mtoto mwenye mafua. Unaula wakati mbichi, unaoza badala yetu, na kile kilichooza kinakuwa gamba jeusi juu yake, huku ute mpya ukiota chini. Gamba haliguswi mpaka lidondoke lenyewe. Wafanyakazi wanauita Bi Mkubwa, kwa sababu kila kitu hapa kinafanywa apendavyo yeye. Kazi yangu ni kumlisha pumba zilizokorogwa na damu ya machinjioni, kwa upawa wa mbao wenye mpini mrefu. Akila anatoa sauti. Hiyo sauti siiandiki.

4 Machi

Kumbe yapo mabaya zaidi. Sabuni ni marufuku msimu mzima. Povu linaua ute, hata lile linalobaki kwenye ngozi ya mtu. Tunaoga maji matupu. Mafuta ya kunukia, marufuku. Dawa ya meno, chumvi tu. Mimi ambaye nyumbani nilikuwa naosha hata vitasa vya milango! Nimejifungia bafuni nikalia, na bafu nalo linanuka.

7 Machi

Mwenzangu wa zamu anaitwa Koleo, kwa ajili ya vidole vyake. Ni mwanamume wa makamo asiye na haya. Anakula chakula chake ameketi juu ya mfuniko wa tangi, miguu inaning'inia, huku akinisimulia habari za jipu lake. Kucha za watu wa hapa zinaota haraka kwa sababu ya mabaki ya wakati mbichi hewani, basi yeye anazikata kwa kisu cha kumenyea viazi na kuziacha sakafuni. Leo nimekanyaga moja.

"Utazoea, dada," akaniambia.

"Nikizoea nitajua nimekufa."

Akacheka mpaka wali ukamtoka mdomoni.

8 Machi

Mvua. Bi Mkubwa alikula ndoo tatu.

12 Machi

Katika uozo huu wote kuna mtu mmoja msafi, naye ni shemeji yangu. Ofisi yake iko ng'ambo ya barabara, kwa hiyo masharti ya sabuni hayamhusu. Shati jeupe, kucha fupi, sauti ya upole. Kabla ya kuketi anafuta kiti kwa leso. Jioni akija nyumbani anamsabahi mdogo wangu kana kwamba hawajaonana mwaka mzima. Nikimtazama namshukuru Mungu kwamba mdogo wangu kapata mwanamume wa namna hiyo, kisha najitazama nilivyo na kusogea mbali ili asininuse.

15 Machi

Damu ya leo ililetwa imeshaharibika. Nimetapika mara mbili. Koleo alinishikia ndoo kwa mkono mmoja, na mkono wa pili alikuwa anaendelea kula.

19 Machi

Leo nimeona jambo lisilonipendeza. Nyumba ya meneja imegusana na kituo, ukuta wa chumba chao cha kulala ndio ukuta wa tangi. Nilimmiminia mdogo wangu maziwa, tukapiga soga kidogo, na alipoinua kikombe maziwa yalikuwa yamekatika. Mabonge ya njano, maji ya kijani juu.

"Labda yalikuwa ya jana," akasema.

Nilikuwa nimeyachemsha mwenyewe muda si mrefu.

Jioni nikamvuta shemeji pembeni. Nikamwambia mvua bado ni nyingi mbele, kwa nini mdogo wangu asiende kwa shangazi mjini mpaka zipite. Akanisikiliza vizuri sana. Akasema ni wazo zuri, tena alikuwa ameliwaza. Tusubiri kidogo tu, kuna wageni wanakuja. Nikalala nimeridhika.

27 Machi

Mvua, mvua, mvua. Gamba limekuwa nene kama ganda la mkate ulioungua. Koleo anasema ndiyo dalili ya afya. Linanuka samaki na nywele zilizoungua. Natamani kulichokonoa, mikono inaniwasha, lakini nimejizuia.

2 Aprili

Sasa nimejua hao wageni ni akina nani. Ni watu wa kuamua kama tangi la namna hii lijengwe katika kila mji wenye ufa. Wakikubali, shemeji ndiye atakayekuwa mkubwa wa matangi yote. Alitueleza mezani, macho yanameta. Nikauliza: je, mdogo wangu ataondoka kabla ya wageni au baada?

"Baada, shemeji," akasema, akamshika mkewe bega. "Fikiria mwenyewe. Watu wataniuliza: hili tangi lako ni salama? Mimi nitajibu kwa maneno mangapi? Nitawaonyesha huyu. Mke wangu, mja mzito, analala upande wa pili wa ukuta. Nani atauliza tena?"

Mdogo wangu akatabasamu. Alifurahi! Alidhani anasifiwa. Mimi nilirudisha tonge sahanini. Nilikuwa nimezoea kichefuchefu cha kituoni, lakini hiki kilikuwa kigeni, kilianzia kifuani badala ya tumboni.

3 Aprili

Nimejaribu kuzungumza na mdogo wangu peke yetu.

"Dada, yule ni mume wangu. Anaweza kuniweka pabaya na mtoto wake ndani?"

"Maziwa uliyaona."

"Wewe tangu utotoni unaona uchafu kila mahali. Mama alikuwa anasema utaosha hata sabuni."

Nilicheka, maana ni kweli Mama alisema hivyo. Kisha akanishika mkono na kuuweka tumboni. Mtoto akapiga teke. Mimba zile mbili hazikufika hata hatua ya kucheza.

9 Aprili

Nimegombana na shemeji. Nilimwambia ukweli wake: kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza, na kama tangi lake ni zuri asingehitaji kutembeza mimba ya mtu. Hakupandisha sauti. Alitoa leso, akafuta mate yangu yaliyomrukia kwenye mkono wa shati, akaikunja leso kwa ndani na kuirudisha mfukoni.

"Shemeji, umechoka. Kazi ni ngumu, najua. Wageni wakiondoka utapumzika."

Nilitamani angenitukana.

13 Aprili

Mvua imekatika siku ya pili sasa. Jua kali. Tangi liko tupu na Bi Mkubwa amelala. Wageni wanakuja tarehe kumi na saba.

14 Aprili

Shemeji kaja kituoni mwenyewe, leso puani, na katoni nne za sabuni ya maua. Amri ni hii: tangi lisuguliwe. Gamba lote litoke, ukuta ung'ae, harufu iishe. Wageni hawawezi kupokelewa kwa uvundo.

Nikasema, "Masharti yapo ukutani pale, yana saini yako."

"Masharti ni ya mvua. Sasa ni jua. Ute utaota tena."

"Kwa siku tatu?"

Alimgeukia Koleo. Na huyu Koleo, ambaye analala humu ndani, ambaye akikohoa Bi Mkubwa nadhani naye anakohoa, akainama kuchukua brashi. Nikamuuliza vipi. "Mkubwa kasema," akajibu bila kunitazama. Vidole vyake vichafu havijawahi kunikera kama vilivyonikera pale vilipokuwa vinafungua karatasi ya sabuni kwa adabu.

Nitasema kweli. Ile harufu iliponifikia, sabuni mpya, ya maua, baada ya majuma sita ya kunuka kama mzoga, nilitamani kuilamba. Nilitoka nje nikasimama juani mpaka hamu ikaniisha. Sikushika brashi.

15 Aprili

Wanasugua. Povu jeusi linatiririka mpaka barabarani.

16 Aprili

Pananukia maua. Koleo kaoga, hata simtambui. Mdogo wangu naye kaletewa sabuni ileile na gauni jipya. Nimeingia tangini na taa. Ukuta ni mweupe, na ute uliobaki ni utando mwembamba uliopauka, unang'oka ukiugusa kama ngozi ya mtu aliyeungua. Ni mahali pamoja tu ambapo brashi haikufika, nyuma ya kona ya bomba kubwa chini kabisa, ambapo lazima mtu alale kifudifudi. Pale bado ni mweusi na ananuka. Nilifurahi kumwona. Sikutegemea kuandika sentensi hiyo maishani mwangu.

Nimemwambia mdogo wangu tuondoke usiku huu. Amekataa. Nikasema nitambeba. Amesema nikimgusa atapiga kelele.

Mawingu yamerudi.

18 Aprili

Naandika hospitalini. Kucha zangu ni ndefu mno, kalamu haikai vizuri mkononi. Nitaandika yote yaliyotokea jana.

Wageni walifika asubuhi, watatu, na mvua ilifika pamoja nao. Shemeji aliwatembeza kituoni, nao wakavuta pumzi ndefu wakasema, "Kumbe ni pasafi hivi!" Mmoja akaniuliza kama nafurahia kazi yangu. Nikamwambia tangi halifai. Shemeji akacheka: "Shemeji yangu huyu, ana utani." Wakacheka wote. Kisha akawapeleka nyumbani, na kwa uwazi wa dirisha nikamwona mdogo wangu amesimama sebuleni na gauni lake jipya, mkono tumboni, na mgeni mmoja anampapasa tumbo kama anayechagua boga sokoni. Mgeni njoo mwenyeji apone! Nilitema mate sakafuni. Sijawahi kutema mate sakafuni.

Mvua ikazidi. Mabomba yakaanza kunguruma. Nilimwaga pumba, hazikuliwa, ziliteleza ukutani na kukusanyika chini. Nikachovya upawa nimkoroge. Mpini ukavunjika mkononi, halafu ukawa unga. Ulikuwa wa mbao ngumu, na pale pale ukawa unga wa kijivu kiganjani mwangu.

Nilikimbia. Niliingia sebuleni na matope yangu na damu yangu ya machinjioni, nikasema, "Tangi limefeli, tokeni."

"Usipige kelele mbele ya wageni," shemeji akasema.

Kwenye meza kulikuwa na maua. Tulikuwa tunayatazama sote yalipolegea, yakawa kahawia, yakadondoka. Hakuna aliyepiga kelele tena. Shemeji alisimama, akawashika wageni viwiko, akawatoa kwa mlango wa mbele ambapo gari lilikuwa limegusana na ngazi. Mdogo wangu alikuwa amekwenda kujilaza chumbani, mgongo ulikuwa unamuuma kwa kusimama sana. Nikamfuata shemeji mpaka kwenye ngazi.

"Mkeo!"

"Wageni kwanza. Narudi sasa hivi."

Ndani ya gari palikuwa na nafasi. Niliiona kwa macho yangu. Katikati ya wageni wawili palikuwa na mkoba.

Nikaingia chumbani. Ukuta wa tangi ulikuwa umepasuka, rangi inadondoka kama magamba ya samaki, shuka zinafifia. Mdogo wangu amekaa kitandani ameshika tumbo kwa mikono miwili. "Dada, anacheza sana. Anacheza vibaya." Mlango wowote utakaotokea, mpaka getini ni lazima upite uani, na ufa unafika hadi uani, hewa ilikuwa inatetemeka juu ya zege kama juu ya sufuria. Mimi nilikuwa na majuma sita ya uchafu mwilini, ute umeingia mpaka kwenye vinyweleo. Yeye kaoga kwa sabuni ya maua asubuhi ileile.

Nikashika ndoo, nikarudi tangini, nikalala kifudifudi. Mtaka cha mvunguni sharti ainame. Niliingiza mikono yote miwili nyuma ya ile kona ya bomba bila glavu, nikamkumba Bi Mkubwa kwa viganja. Alikuwa wa uvuguvugu. Alinishika vidole. Nilikuwa natapika na kukumba, natapika na kukumba, na nilikuwa namwomba, "Nisaidie mama, nisaidie mama." Nilipata nusu ndoo. Zaidi hakuwepo.

Mdogo wangu aliponusa alirudi nyuma. Nikamwonyesha ndoo. Aliitazama mara moja tu akaelewa.

"Haitoshi," akasema.

"Nakupaka uso na—"

"Mpake huyu." Akapandisha gauni. "Dada, mpake huyu. Mzunguko wote. Usibakishe."

Nilimpaka tumbo, mgongo, kiuno, mbavu, nikapaka tena juu yake, na alikuwa ananihimiza, "Hapa bado, hapa bado," mpaka nikawa nakwangua ndoo kwa kucha. Kichwa chake, uso, mikono, miguu, hakuna kilichopata hata tone. Kisha tukapita uani.

Sikumtazama. Nilikuwa nimemshika mkono na nilisikia mkono unavyobadilika ndani ya mkono wangu. Mifupa ilipanda juu. Hatua zake zikawa fupi. Katikati ya ua akaanza kuhema, nikambeba, na alikuwa mwepesi.

Getini alikuwepo Koleo na mkokoteni. Alikuwa ameshakimbia, kisha akarudi, sijui kwa nini. Nywele zake zilikuwa mvi upande mmoja. Alivua shati akamfunika mdogo wangu, akausukuma mkokoteni mvuani mpaka hospitali.

19 Aprili

Mtoto yu hai. Daktari anasema umri wake ni uleule, miezi sita na nusu, moyo unapiga sawasawa. Mama yake, anasema, sasa ana mwili wa mtu wa miaka sitini na tano.

Mdogo wangu ana miaka ishirini na tisa.

20 Aprili

Wameziba ufa kwa zege, wanasema itashika mpaka msimu ujao. Shemeji hajaja.

26 Aprili

Shemeji hajaja. Ametuma ujumbe kwamba anashughulikia maelezo kwa wakubwa; hali ya mkewe hakuuliza, nasi hatukumwambia. Koleo kaja na habari kwamba maelezo yenyewe yanasema mlishaji mzembe alimwaga sabuni. Mlishaji ndiye mimi. Nikamuuliza Koleo, na wewe uliwaambiaje? Akasema safari hii amesema kweli, kwamba aliyesugua ni yeye na aliyeamuru ni nani. Kisha akachokonoa sikio kwa ufunguo na kuutazama. Nimemkaribisha chai.

11 Mei

Tumehamia kwa shangazi. Mdogo wangu hawezi kupanda ngazi. Meno mawili yamemtoka. Anauliza kila siku kama mtoto anaonekana vizuri kwenye picha za hospitali, basi. Mvua zimepungua.

24 Mei

Muuguzi mpya aliniuliza, "Huyu bibi ni mama yako?" Mdogo wangu akajibu kabla yangu: "Ni dada yangu mkubwa. Anajitunza." Tulicheka mpaka muuguzi akaondoka kwa hasira.

Kisha akalala, na nikamwangalia. Kuna harufu ya watu wazee, ya nguo zilizokaa sandukuni. Mimi wa zamani ningekunja pua. Nimelaza kichwa changu kwenye mto wake.

8 Juni

Wamempasua mdogo wangu leo, hawakutaka kungoja zaidi. Daktari aliogopa moyo wake usihimili. Umehimili. Ni msichana. Analia kwa sauti ya kukera kabisa.

22 Juni

Jua. Mvua zimekwisha rasmi.

Shangazi alikuwa ametoka. Nilikuwa chumba cha ndani namwogesha mtoto, na sabuni, ndiyo, mlango wazi, pazia limeshushwa. Mtu akabisha hodi. Mdogo wangu akajikongoja kwenda kufungua. Harufu ya manukato ikafika ndani kabla ya sauti.

"Shikamoo, mama," shemeji akasema.

Nikamtoa mtoto majini. Kupitia tundu la pazia nilimwona kwa ubavu: shati jeupe, boksi la zawadi, macho yanapita juu ya kichwa cha mdogo wangu yanakagua sebule. Hakumtazama vizuri. Watu wazee hawatazamwi. Alimpa nusu ya jicho, na hata hiyo nusu aliirudisha upesi, pua imekunjika kidogo, vile anavyofanya kabla ya kufuta kiti.

Mdogo wangu hakumpisha. Niliona mkono wake kwenye kitasa.

"Marahaba, mwanangu."

"Samahani, wewe ndiye shangazi? Namtafuta mke wangu. Nimeambiwa yuko hapa na mtoto."

"Unamtafuta mkeo."

"Ndiyo, mama. Nilibanwa sana na kazi. Yupo?"

"Hayupo."

"Atarudi lini?"

"Huyo harudi, mwanangu. Nenda."

Shemeji akaweka boksi chini kwenye kizingiti, akaomba mkewe aambiwe kwamba alikuja. Mdogo wangu akasema ataambiwa. Akafunga mlango, akazungusha ufunguo, akabaki ameegemea pale, mabega yanamtikisika. Nilitoka na mtoto analia, povu kichwani, sijui nimshike nani kwanza. Nilidhani mdogo wangu analia. Alikuwa anacheka, mdomo wazi, mapengo yote nje, machozi yanamtiririka kwenye mikunjo.

"Dada," akasema, "ameniamkia."

Kisha akacheka tena, na cheko likageuka njiani likawa kilio nilichokitegemea tangu mwanzo. Nilimshika mpaka kikapita. Akajifuta uso kwa mtandio, akaketi kwenye kiti cha karibu, akanyoosha mikono akaniambia nimpe mtoto na chupa yake, ana njaa huyo.